Filamu Tatu za Kaka Yangu

Kaka yangu alikuwa mwembamba. Watu waliosikia tu habari zake hudhani alikuwa pande la mtu mwenye tumbo la kutangulia mlangoni, lakini alikuwa mrefu mkavu, shingo ndefu, mikono mikubwa ya mtu aliyebeba mizigo tangu ujana. Alikuwa mpagazi. Alimaliza darasa la saba kwetu Marangu, akakaa nyumbani kwa muda akimsaidia mama kwenye kihamba chetu cha migomba na kahawa, kisha akaanza kupanda mlima na mizigo ya wageni kichwani. Kazi hiyo ndiyo iliyomfanya ajijue kwamba anaweza kula.

Sisemi kwamba mlimani walishiba. Kule juu, alivyokuwa akitusimulia, mpagazi anakula ugali asubuhi na ugali jioni, na baridi inauunguza wote kabla hujapata usingizi. Ila wakishuka, walikuwa na desturi ya kuingia kwenye bucha moja la nyama choma pale Himo na kula mpaka mtu ashindwe kuinuka. Wenzake wakagundua kwamba yeye hashindwi. Wao walipokuwa wameshalegeza mikanda na kuegemea ukuta, yeye alikuwa bado anavuta sahani zao, taratibu, bila pupa, kama mtu anayemalizia kazi iliyobaki. Mwenye bucha naye akaona. Pasaka moja akatangaza mashindano ya kula, na zawadi ya mshindi ikawa mbuzi. Kaka alifika nyumbani jioni ile akimvuta mbuzi kwa kamba. Mama alicheka mpaka akakaa chini.

"Umekula mbuzi, ukapewa mbuzi?" akamuuliza.

Siku zile mambo yake yalikuwa ya kuchekesha, na filamu ya kwanza ilikuwa ya kuchekesha vilevile. Aliipiga kijana mmoja kutoka Dar es Salaam aliyekuwa anasomea kazi hiyo. Alikuja Pasaka iliyofuata na kamera yake moja, akawapiga picha washindani wakila, watu wakishangilia, kaka akifuta mdomo kwa kiganja na kunyanyua mikono juu. Ilikuwa fupi. Ikaingia kwenye simu za watu na kusambaa kuliko huyo kijana mwenyewe alivyotegemea. Mimi wakati huo nilikuwa nimeshahamia Moshi mjini, nashona nguo kwenye kibaraza kimoja karibu na stendi, na wateja wakanijua kuwa ni dada wa yule mlaji. Walikuwa wananiuliza kama na mimi nakula hivyo.

Sifa zile zilimpendeza. Hakuwahi kusifiwa. Aliyepanda na mzigo na kushuka na mzigo hakuna anayemkumbuka, maana picha za kileleni ni za wageni. Sasa alikuwa akipita Himo watu wanamwita Bingwa. Akaacha mlima. Akawa anaitwa huku na huku kwenye masoko na sherehe kuja kula mbele ya watu. Siku moja nilimfuata Kwa Sadala, siku ya soko, ambako alikuwa anashindana kula mayai ya kuchemsha. Watu walikuwa wamejaa mpaka juu ya magari. Nilipenya mpaka mbele, nikamwona uso. Macho yalikuwa yamejaa machozi na mishipa ya shingo imesimama, na bado alikuwa anatia mdomoni. Alishinda. Baadaye nilimkuta nyuma ya banda ameinama, mikono magotini, jasho linamdondoka kwenye pua. Nilitaka kumshika mgongo akanizuia kwa mkono, bila kuinua kichwa.

"Usiniguse, mdogo wangu. Ukinigusa kitatoka."

Filamu ya pili ilikuja na watu wa kutoka mbali. Alikuwa mama mmoja wa Kizungu, ndiye mkubwa wao, na mpiga picha wake, na mkalimani kijana kutoka Arusha. Walikuwa wameiona ile ya kwanza. Huyu mama hakuwa mtu mbaya, na naomba nieleweke hapo. Alimwamkia mama yetu shikamoo, akakaa naye jikoni kwenye moshi bila kulalamika, akala kiburu, zile ndizi zilizopikwa na maharage, akaomba aongezwe. Walikaa Marangu karibu mwezi. Walimpiga picha mama yetu akimenya ndizi, akikata majani ya ng'ombe, akichuma kahawa. Walimpiga picha kaka akila, akilala, akitembea kwenye migomba. Na kila mara yule mama alikuwa anamuuliza swali lilelile kwa maneno tofauti: kwa nini unakula hivi?

Nilikuwapo siku alipojibu. Nilikuwa nimepanda kuwasalimu, Jumamosi, na walikuwa wamemkalisha kwenye kingo za mfongo, ule mfereji wa maji unaopita mpakani mwa kihamba chetu. Mpiga picha alinionyesha ishara nikae kimya. Mama alikuwa kwenye shamba la chini. Kaka akatazama maji, akasema kwamba baba alipofariki sisi tulilala njaa. Akasema alikuwa anakuja hapo kwenye mfongo anakunywa maji mengi mpaka tumbo lijae, apate kulala, na tangu hapo akikiona chakula hawezi kukiacha. Alisema kwa sauti ya chini, vizuri sana. Yule mama akafuta macho.

Walipoondoka nilimuuliza kaka ni njaa ipi hiyo, maana mimi siikumbuki. Akakata jani la mgomba akaanza kulichana vipande.

"Walitaka sababu," akasema. "Nimewaambia napenda tu kula, na naweza. Akaniuliza tena. Nikamwambia tena, akaniuliza tena. Nikaona nikisema hakuna sababu wataondoka."

Filamu hiyo ilionyeshwa Moshi mjini, mchana, kwenye ukumbi wa hoteli moja, na sisi tulialikwa. Mama alivaa kitenge chake cha umoja wa akina mama na kilemba kipya. Walimkalisha mbele kabisa. Mwanzo alifurahi. Alipojiona jikoni kwake aliniminya mkono akaninong'oneza kwamba sufuria lile lingefaa kusuguliwa kwanza. Sehemu kubwa ya maelezo ilikuwa Kiingereza na mimi nilikuwa namdokezea kidogo ninachoelewa. Lakini kaka alikuwa anaongea Kiswahili, na sauti yake ilitoka kwenye spika zile ikajaa ukumbi mzima: tulilala njaa. Mkono wa mama ukaacha kuminya. Hakuutoa, aliuacha tu juu ya wangu kama kitu alichokisahau.

Mwishoni watu walipiga makofi wakiwa wamesimama. Yule mama wa filamu alikuja akamkumbatia mama huku analia, na mkalimani akasema mgeni anampa pole, na kwamba yeye ni mwanamke jasiri kwa kulea watoto katika njaa ile.

Mama akasema, "Ahsante, mgeni. Karibu tena nyumbani."

Tulirudi Marangu. Tulipofika alivua kilemba, akakikunja, akakiweka kabatini, kisha akatoka uani ambako kaka alikuwa amesimama hajui kama aingie au aondoke.

"Nilikulaza njaa siku gani?"

"Mama, ni mambo ya filamu tu."

"Nimekuuliza siku."

Mama akamwambia kwamba baba alipofariki kaka alikuwa ndiyo kwanza ameng'oka meno ya utoto, na tangu hapo yeye mwenyewe mama kila siku ya soko alishuka Himo kwa miguu na mkungu wa ndizi kichwani, mvua au jua, kwa ajili ya chumvi na mafuta na unga na sare za shule. Aliuza mpaka kanga zake za harusi. Alisema yote hayo bila kupaza sauti. Mwisho akasema, "Na sasa umewaambia watu kwamba ulikuwa unakunywa maji ya mfongo kama ndama aliyeachwa."

Akaingia ndani. Kaka akaondoka kurudi Himo, alikopanga chumba, na hakupanda tena Marangu kwa muda mrefu sana.

Filamu ile ikafika kwa majirani kwa simu, kama ile ya kwanza. Hakuna aliyemsema mama usoni. Ila walianza kumpa pole za ajabu ajabu kanisani, na wazee waliomfahamu tangu alipoolewa wakawa wanatikisa kichwa, wanasema kumbe hata hatukujua. Mama mmoja wa jumuiya yake alimletea nusu debe la mahindi. Mama alilipokea kwa mikono miwili, akashukuru, akamsindikiza mgeni mpaka barabarani. Aliporudi alimwaga mahindi yote uani, kuku wakayala, naye amesimama anawatazama mpaka ikaisha punje ya mwisho.

Kaka huko Himo alikuwa anajiandaa. Wale watu wa filamu walikuwa wamemwambia kuna mashindano makubwa nje ya nchi, kwamba wangependa kumpeleka na kumpiga picha akishindana na mabingwa wa huko. Akawa anafanya mazoezi. Niliwahi kumtembelea nikamkuta amelala chali kitandani, tumbo limekaza kama ngoma, chini ya kitanda kuna madumu ya maji matupu. Aliniambia wenzake wa huko nje hupanua tumbo hivyo, kwa maji na kabichi iliyochemshwa, kila siku zaidi ya jana. Nilimwomba aache. Akasema akishinda atamnunulia mama ng'ombe wa maziwa, na mama atanyamaza. Nikamwambia mama ameshanyamaza, na hilo ndilo tatizo.

Haikupita miezi mingi tangu nimtembelee, Jumapili moja baada ya ibada, tukamwona anaingia uani. Alikuwa ameshika jani la isale kwa mikono miwili. Kwetu, mtu aliyekukosea akikujia na isale huwezi kumfukuza, hata kama ni kosa gani. Mama alilitazama lile jani. Alimtazama na yeye, maana alikuwa amekonda kuliko tulivyomzoea, shavu limeingia ndani. Akalipokea. Akalichomeka juu ya mlango wa jiko.

"Kaa," akamwambia. "Utakula."

Akapika machalari kwenye lile sufuria kubwa la sikukuu. Nilimenya naye ndizi. Niliona anavyochagua nyama, vipande vizuri anaviweka upande mmoja. Alimpakulia kaka sahani iliyojaa, akakaa kwenye kigoda mbele yake, mikono mapajani, kumtazama akila. Sidhani aliwahi kumtazama hivyo tangu alipokuwa mtoto.

Kaka alikula vijiko vichache akaweka kijiko chini.

"Huli?"

"Nimeshiba, mama. Ahsante. Ni kitamu sana."

Niliona uso wa mama unavyobadilika. Mtu huyu alikuwa amekula mbele ya Himo yote na Kwa Sadala yote, amekula mbele ya kamera, na sasa chakula cha msamaha wake anakiacha sahanini. Alinyoosha mkono aichukue sahani. Kaka akaishikilia. Akaanza kula tena, haraka, kichwa chini, kama nilivyomwona siku ile ya mayai, na mama akamwambia taratibu, na yeye hakusikia, akala mpaka akainuka ghafla akakimbilia kwenye migomba.

Nilimfuata. Alikuwa amepiga magoti anatapika, na haikuwa machalari peke yake. Ilitoka kabichi, ilitoka mchele, vitu ambavyo hatukumpa. Chakula cha juzi kilikuwa bado kimo ndani, hakijasagika. Mama alikuwa amesimama nyuma yangu. Aliona.

Hospitalini daktari alitueleza kwa upole. Alisema tumbo la mtu linatakiwa kujikaza na kusukuma chakula chini, na la kaka lilikuwa limevutwa mno, sasa limelegea, halisukumi tena. Alisema kuna dawa za kujaribu, na ale kidogo kidogo, vitu laini. Kaka akauliza litarudi lini. Daktari akamjibu kwamba mengine huwa hayarudi.

Safari ya mashindano ya nje ikafa. Mama alikwenda mwenyewe Himo akafunga vitu vya kaka, akamrudisha nyumbani. Akamwekea kitanda kwenye chumba chake mwenyewe. Kila siku alimpikia uji wa ulezi mwepesi, au mtori aliouchuja kwa kitambaa, akawa anamlisha kijiko kimoja, anasubiri, kingine, anasubiri. Ilichukua asubuhi nzima kumaliza kikombe, na mara nyingi kilirudi chote. Anafuta, anaosha kikombe, anaanza upya. Nilikuwa napanda kila wiki, na kila wiki nilikuta kaka amepungua, mpaka mikono yake mikubwa ikaonekana si yake, kama ameazima. Alikuwa anatania. Alisema angalau sasa mtu hawezi kumwita mlafi. Mama hakuwahi kuucheka utani huo, na baada ya muda kaka akauacha.

Mkalimani ndiye aliyewaambia wale watu wa filamu. Wakarudi. Mimi nilikataa wasiingie, nikamwambia kaka hii si picha ya kumwonyesha mtu. Akasema waje. Nilidhani anataka kuwaonyesha walichosababisha, nikamuuliza hivyo. Akasema hapana, ila siku ni ndefu akiwa amelala pale, na wale watu wakiwapo kunakuwa na kitu cha kungojea.

Mama hakukataa. Alitoa sharti moja, kwamba yeye aongee kwanza.

Walimwekea kigoda uani. Alikuwa amevaa nguo za shamba na hakutaka kubadilisha. Mkalimani alimwambia anaweza kusema Kichagga, watatafuta wa kutafsiri. Akasema atasema Kiswahili ili asikosewe. Akaitazama kamera, akasema huyu ni mtoto wangu wa kwanza na hakulala njaa hata siku moja. Akasema walichokula: kiburu, mtori, maharage, magimbi, viazi vikuu, maziwa ng'ombe alipokuwa na maziwa, nyama sikukuu. Akasema kihamba hiki aliachiwa na mume wake na hakijawahi kukosa ndizi. Halafu akasema, "Ni hayo tu."

Yule mama wa filamu akamwendea kaka kitandani, na sisi tukiwa mlangoni, akamuuliza kupitia mkalimani kwa nini basi alisema yale.

Kaka alichukua muda kuvuta pumzi.

"Uliniuliza mara nyingi," akasema.

Mkalimani alisita kabla ya kutafsiri. Alipotafsiri, yule mama aliinamisha kichwa akabaki hivyo. Kisha, sijui kama ni kwa sababu ya kazi yake au hakuwa na la kufanya, akaomba waruhusiwe kumpiga picha mama akimlisha kaka. Mama alikuwa ameshashika kikombe.

"Hapana," akasema. "Hapa ni mimi na mtoto wangu."

Nikafunga mlango. Walibaki nje uani, na nilisikia kwamba hata vyombo vyao hawakuvikusanya mpaka tulipofungua.

Kaka alifariki masika yalipoanza, mchana, mama akiwa ametoka kukata majani ya ng'ombe. Hakuwa amekaa nje muda mrefu. Aliporudi na mzigo kichwani alimwita kutoka uani, kama alivyozoea, amwambie mvua inakuja. Hilo la kutokuwapo linamsumbua mpaka leo, mengine hayazungumzii. Tulimzika kwenye kihamba, karibu na baba, udongo umelowa kiasi kwamba vijana walikuwa wanateleza na majembe. Wapagazi wenzake wa zamani walikuja wengi. Wao ndio waliolibeba jeneza, wakakataa kupokewa.

Chakula cha msiba kilipikwa na majirani, kama inavyofanyika. Yule mama wa nusu debe la mahindi alikuwapo, anakoroga sufuria tangu alfajiri. Mama alimfuata jikoni wakakaa pamoja, sikusikia waliyosema.

Filamu ya tatu ilitoka baada ya hapo. Mkalimani alinitumia kwenye simu na maneno ya pole. Niliiangalia peke yangu kwanza, chumbani kwangu Majengo, pale Moshi, nimejifungia. Maneno ya mama yamo, yote, hawakukata hata moja. Mlango uliofungwa umo, wameuacha muda mrefu, hakuna kinachoonekana ila mbao na kivuli cha mgomba kinacheza. Lakini wameweka pia kile kipande cha zamani cha kwenye mfongo, kaka akisema tulilala njaa, kimekuja mara tu baada ya mama. Hawakusema nani mkweli.

Nilikasirika. Nilipanda Marangu nikiwa nimeshapanga maneno ya kumwandikia yule mama wa Kizungu, nikitaka tu ruhusa ya mama. Nilimweleza. Nikamwambia maneno yako yamo, lakini na yale ya kaka ya njaa wameyabakiza, na nitawaandikia wayatoe.

Mama alikuwa anachambua maharage kwenye ungo. Aliendelea kuchambua.

"Ni sauti yake?" akauliza. "Ya alipokuwa mzima?"

Nikamwambia ndiyo, ni ile ya mwaka wa filamu ya pili.

"Basi usiandike. Waache."

Akaweka ungo chini, akafuta mikono kwenye kanga, akaomba simu. Nilimtafutia mahali pale nikambonyezea. Hakutazama picha. Aliiweka sikioni, akainama kidogo, na ilipokwisha akanirudishia nimwekee tena.